Mtu Hapewi Ruhusa ya Kukaa Kwao

Kabla hujaandika madai ya mtu, mwache aseme mpaka anyamaze mwenyewe. Usimkatize eti kwa sababu umeshaona sheria itakayomfaa. Bwana Oluoch, aliyenilea katika uwakili, alinifunza hilo kwa maneno nilipoingia ofisini kwake. Miaka kadhaa baadaye akanifunza tena, kwa kesi ambamo yeye mwenyewe hakulifuata. Ninyi mnaoanza kazi hii sasa nawasimulia hiyo ya pili, maana maneno yake nimesahau alivyoyapanga, lakini kesi ile sijaisahau.

Ofisi yetu ilikuwa River Road, ghorofani, juu ya duka la vifaa vya ujenzi. Mteja akipanda ngazi alipishana na vijana waliobeba mabati, akifika kwetu ana vumbi la saruji mabegani. Bwana Oluoch alipapenda pale. Alisema wakili akihamia jengo lenye lifti, wateja wake wanaanza kumwogopa na kunong'ona. Mimi nilimjia nikiwa mtu mzima, nimeshafundisha shule ya msingi huko Bungoma, nikaacha chaki nikasomea sheria. Wateja waliniita Madam. Yeye aliniita Nekesa, basi.

Mnajua, au mtajua, kwamba katika kesi ya madai jaji hakupi usichoomba. Unachoomba, na sababu za kukiomba, viko kwenye hati ya madai. Ukiandika shamba na huku ulitaka nyumba, utapewa shamba au utakosa vyote. Miaka hiyo ya mwanzo wa elfu mbili kompyuta zilikuwa zimeanza kufukuza taipureta, na uvivu mpya ukazaliwa. Wakili mmoja wa mtaa wetu, simtaji, alichukua hati ya kesi ya zamani, akabadilisha majina, akaipeleka kotini. Mteja wake, muuza mabomba aliyegombania stoo, akajikuta anadai arudishiwe ng'ombe wa maziwa pamoja na ndama. Wakili wa upande wa pili akajibu kwa utulivu kabisa kwamba mteja wake hajawahi kumkama ng'ombe wa mtu yeyote.

Ile ilirekebishwa kwa karatasi moja, kwa kuwa kesi ilikuwa haijaanza kusikilizwa. Wakati huo kurekebisha ni kama kushona kifungo kilichotoka. Lakini shahidi akishaapa, akishahojiwa, huwezi tena kurekebisha bila kumwomba jaji ruhusa, na unaiomba mbele ya watu waliokwisha kukuona ukijikwaa. Huko ndiko tulikofika na Mzee Gathogo.

Mzee Gathogo alitoka Mutuini, kule Dagoretti, ambako wakati huo mashamba ya mahindi na sukuma wiki yalikuwa yameanza kuingiliwa na nyumba za kupangisha. Alikuwa mzee wa kanisa, mtu wa koti zito hata jua likiwaka. Kisa chake mtakikuta tena na tena mkifanya kazi upande huu wa nchi. Wakati wa mkoloni, mashamba yalipokuwa yakipimwa na kuandikishwa, baba yao alikuwa ameshakufa na Gathogo alikuwa mtoto. Shamba likaandikwa jina la kaka yake mkubwa, Karanja. Walikua, wakaoa, wakajenga, Karanja upande wa barabara na Gathogo upande wa bonde, katikati wakapanda ua. Karanja akafa. Mjane wake na wanawe wakarithi taito, yaani hati ya kumiliki shamba. Akaja mtu wa kununua, anataka kujenga nyumba za kupangisha, anataka shamba lote. Wana wa Karanja wakamwambia baba yao mdogo atafute pa kwenda.

Kuna njia mbili za kumsaidia mtu kama huyo. Ya kwanza ni kusema Karanja aliandikwa kwa niaba ya familia, kwamba taito lilikuwa amana mikononi mwake. Njia hiyo ni nzuri lakini inadai ushahidi, na waliokuwepo wamezikwa. Ya pili ni kusema umekaa pale miaka mingi, waziwazi, bila ruhusa ya mwenye taito na kinyume na mapenzi yake, naye hakukutoa. Hapo sheria inaona haki yake imeisha na yako imeanza. Hiyo haihitaji shahidi wa mambo ya kale. Nyumba inaonekana, miti inaonekana.

Bwana Oluoch alimsikiliza mzee kwa muda mfupi, akaichagua ya pili. Sikumlaumu, na sasa pia simlaumu. Alikuwa anatafuta njia fupi ya kumwokoa mtu asifukuzwe uzeeni. Hati ikaandikwa kwa Kiingereza, mzee akasomewa haraka haraka, akaweka sahihi.

Siku ya kusikilizwa, mimi ndiye niliyemwongoza katika ushahidi wake. Alisema kwa Kikuyu, mkalimani akatafsiri. Alieleza vizuri, nyumba, kisima, watoto waliozaliwa pale. Kisha wakili wa wana wa Karanja akasimama. Alikuwa mtu mpole, na nawaambieni, wakili mpole ndiye wa kuogopwa.

"Mzee, ulipojenga nyumba yako, kaka yako alijua?"

"Alinisaidia kupandisha mabati."

"Hakukukataza?"

"Anikataze kwa nini?"

"Kwa hiyo ulikaa pale kwa ruhusa yake."

Nilihisi Bwana Oluoch akisogea kwenye kiti kando yangu. Mzee hakumwangalia yule wakili. Alimgeukia mkalimani, akamwambia taratibu, kama mtu anayemrekebisha mtoto, "Mwambie si ruhusa. Mtu hapewi ruhusa ya kukaa kwao."

Wakili akasema hana swali jingine, akakaa. Hakuhitaji jingine. Kesi yetu ilisimama juu ya neno moja, kwamba mzee alikaa pale kinyume na mapenzi ya ndugu yake, na mzee alikuwa amelivunja mwenyewe, kwa kiapo.

Jaji aliacha kuandika. "Mzee, karatasi yako inasema ulilikalia shamba la ndugu yako bila yeye kutaka. Ndivyo ilivyokuwa?"

Mkalimani alipomaliza, mzee akauliza, "Nani aliandika hivyo?"

Nimekaa kotini miaka mingi, nimewaona mawakili wakisukumia makosa makarani, wapiga chapa, hata wateja waliolala mochari. Bwana Oluoch alisimama, akafunga kifungo cha koti lake. "Ni mimi, Mheshimiwa Jaji. Mzee hajageuza neno. Alichosema leo ndicho alichoniambia siku ya kwanza, nami nikaandika kingine nikidhani kitamsaidia zaidi. Naomba tuahirishe, nilete ombi la kurekebisha hati."

Tulipotoka nje, mzee alikataa kukaa kwenye benchi. Alisimama akishika kofia yake, akazungumza Kiswahili ili sote tumsikie.

"Wakili, umeniandika mwizi."

"Nilitaka ushinde, mzee."

"Nishinde nikiwa nani?"

Bwana Oluoch aliomba msamaha, kisha akamwomba mzee arudi River Road asubuhi iliyofuata. Asubuhi hiyo nilimwona akifanya kile alichonihubiria. Alimwagizia mzee chai, akaweka kalamu chini, akamwacha aseme. Mzee alisema mpaka chai ikapoa. Ndipo tukajua kwamba mama yao aliishi miaka mingi baada ya taito kuandikwa, na kwamba mbegu za kila msimu alikuwa akizigawa sawa kwa wanawe wawili. Hilo halikuwa kwenye hati yetu hata kidogo.

Ombi lilipingwa, tena kwa haki. Wakili mpole alisema tumesubiri doa lionekane ndipo tukakimbilia nguo nyingine. Wateja wake wameshajiandaa kujibu jambo moja, kisha katikati ya safari wanageuziwa njia. Sikilizeni uamuzi wa jaji, maana utawafaa. Alisema hati za madai zipo ili swali la kweli baina ya watu lifike mbele ya mahakama, si kuwategea mtego. Marekebisho yanaweza kuruhusiwa hata kesi ikiwa imeanza, mradi upande wa pili usiumizwe kwa namna isiyoweza kufidiwa. Akaturuhusu. Lakini wana wa Karanja wapewe nafasi ya kubadilisha majibu yao, mzee arudishwe kizimbani ahojiwe upya, na gharama ya siku ile tubebe sisi. Ukiomba ruhusa ya namna hii, usifanye kama mawakili wanaokuja mikono mitupu wakidai haki. Njoo umeshafikiria utamfanyia nini mwenzako uliyempotezea muda.

Hati iliyorekebishwa ina desturi yake. Maneno ya zamani yanakatwa kwa mstari wa wino mwekundu, lakini lazima yaendelee kusomeka. Mapya yanapigiwa mstari chini kwa wino huohuo. Bwana Oluoch hakumwachia mpiga chapa. Aliketi na rula, akakata mwenyewe, nakala baada ya nakala. Mzee alipokuja kuapa aliinamia ukurasa, akapitisha kidole juu ya mstari mwekundu.

"Mbona bado yanaonekana?"

Nikamweleza kwamba sheria haituruhusu kuyafuta. Mtu akibadili neno lake kotini, wote waone alilobadili.

"Hata wajukuu wangu watayasoma," akasema. Akaweka sahihi.

Hakurudi kizimbani. Tarehe ilikuwa imepangwa, ikasogezwa, na katikati hapo kifua kikamlaza. Binti yake, Mumbi, ndiye aliyetupigia simu. Alikuwa mwalimu wa chekechea, mtoto wake wa mwisho, ndiye aliyekuwa akimleta mjini kila tulipomhitaji. Hakulia kwenye simu. Aliuliza tu, "Madam, naruhusiwa kumzika nyumbani?"

Amri ya mahakama ilisema mtu yeyote asijenge wala asichimbe kwenye shamba lile mpaka kesi iishe. Sisi wenyewe ndio tuliokuwa tumeiomba, mwanzoni kabisa, ili wana wa Karanja wasiuze. Tukamwandikia wakili wa upande wa pili tukiomba wateja wake wakubali kaburi moja. Akajibu kwa masikitiko kwamba wateja wake hawakubali, kwa sababu kaburi likishakuwepo litakuwa ushahidi. Tungeweza kwenda kwa jaji, na jaji huenda angekubali. Mumbi alisema baba yake hatasubiri kwenye friji watu wakibishana. Akachagua makaburi ya Lang'ata.

Jeneza lilipitishwa Mutuini kwanza, kwa maombi. Mimi na Bwana Oluoch tulisimama nyuma, pamoja na wanakwaya. Ng'ambo ya ua nilimwona bibi mmoja aliyejifunika shali, ameshika nguzo ya mbao. Mumbi akaninong'oneza kwamba huyo ni Wangari, mjane wa Karanja, mdaiwa wa kwanza katika hati yetu. Nilikuwa nimeandika jina lake mara nyingi bila kumwona uso. Alisimama pale sala zote. Gari lilipoondoka, hakuvuka.

Mdai akifa kesi haifi naye, lakini ina muda wake, na muda huo ukipita bila mtu kuingizwa mahali pake, kesi nayo inazikwa. Andikeni hilo mahali. Mumbi alichukua barua za usimamizi, zinazompa mtu mamlaka ya kusimama badala ya marehemu, nasi tukarudi kwa jaji kuomba ruhusa ya kurekebisha hati mara ya pili. Safari hii Bwana Oluoch alinikabidhi mimi rula. Maneno ya sheria nilikuwa nimezoea kuyakata. Kukata jina la mtu niliyekunywa naye chai, kisha kuandika chini yake "marehemu", hilo sikuwa nimelizoea. Mstari wa kwanza ulipinda. Niliuacha hivyo hivyo.

Sasa hali yetu ilikuwa mbaya. Tulikuwa tumedai amana, na shahidi wetu wa amana alikuwa amekufa kabla ya kuielezea. Tulikuwa na yale aliyosema siku ya kwanza, kwamba mtu hapewi ruhusa ya kukaa kwao, na majirani wachache waliojua ua lakini hawakujua agano. Tulifunga ushahidi wetu tukijua haujatosha. Upande wa pili ukamwita Wangari.

Bwana Oluoch akaniambia, "Simama wewe. Huyu mama anajua ni mimi niliyeandika kwamba mumewe alinyang'anywa akitazama."

Wangari alipanda kizimbani akisaidiwa na mwanawe mkubwa, akaapa kwa Biblia, akaitwa Shosho, yaani bibi, kwa heshima na wakili wake. Maswali ya mwanzo yalikwenda kama walivyoyapanga. Ndiyo, taito lilikuwa la mumewe. Ndiyo, Karanja aliishi na nduguye kwa amani. Kisha wakili akafika mahali ambapo hati yetu mpya ilimlazimu kufika.

"Shosho, mumeo aliwahi kukubali kwamba anamshikia ndugu yake sehemu ya shamba hilo?"

Ilibidi wakili amrudie swali. Nilidhani hakusikia, hata mkalimani akasogea karibu. Wangari alikuwa akiitazama ile Biblia iliyowekwa mbele yake.

"Karatasi yenu ya kwanza," alisema hatimaye, akielekeza kidevu upande wetu, "ilisema Gathogo alikaa kwa nguvu na mume wangu hakuweza kitu. Niliambia wakili wangu aandike hapana. Karanja hakuwa mtu wa kunyang'anywa, na Gathogo hakuwa mtu wa kunyang'anya. Hilo ningelikataa mpaka nife. Sasa mmeuliza lingine."

"Jibu swali tu, Shosho," wakili akasema, bado kwa upole.

"Ndilo ninalojibu. Mama mkwe wangu alipokuwa mgonjwa alituita jikoni kwake. Mimi ndiye niliyekuwa nikimnywesha uji. Akamwambia Karanja, taito umepewa ulibebe, hukupewa ulile peke yako. Karanja akasema, ndiyo, mama. Niliyasikia kwa masikio haya."

Mwanawe mkubwa alisimama kule nyuma. Jaji akamwambia akae, akakaa. Wakili aliinamia karatasi zake kwa muda, ingawa nadhani hakuwa anasoma kitu. Jaji akamuuliza bibi kwa nini hakuyasema haya tangu mwanzo.

"Hamkuniuliza, mwanangu. Mliniuliza kama mume wangu alikuwa mjinga."

Zamu yangu ilipofika nilisimama, nikasema sina maswali. Bwana Oluoch aliniambia baadaye kwamba huo ndio uliokuwa uwakili wangu bora, na kwamba nisijivune nao kwa sababu kazi ilifanywa na mwingine. Ni kweli. Lakini najiuliza mpaka leo ingekuwaje kama tungepuuza jibu la mzee na kung'ang'ania hati ya kwanza. Mama yule angekuja, angeapa, angesema hapana, na hapana yake ingekuwa kweli tupu.

Hukumu ilisomwa baada ya likizo ya mahakama. Shamba ligawanywe, upande wa bonde uandikwe jina la familia ya Gathogo. Wana wa Karanja walitoka bila kumngoja mama yao, mmoja akafunga mlango wa kioo kwa nguvu mpaka askari akageuka. Upande wao waliuuza, haukupita mwaka. Ukienda leo utakuta maghorofa ya kupangisha yenye nguo zimeanikwa kwenye kila baraza, na kando yake sukuma wiki ya Mumbi.

Siku hiyo ya hukumu tulikuwa tumesimama kwenye ngazi za nje, mimi nikikunja joho langu, Mumbi akipiga simu kwao. Wangari akaja kutoka mlangoni peke yake, akishika ukuta.

"Mumbi. Mlimlaza upande gani kule Lang'ata?"

Mumbi alikata simu. "Mbali na lango. Kwa nini?"

"Nataka kwenda."

"Siku ile ulisimama kwenye ua, Mama. Nilikuona. Ulikuwa na hatua chache tu za kuvuka."

"Nilisimama," Wangari akasema. "Wanangu walikuwa nyuma yangu, nami nikawaogopa. Sasa wameshaondoka."

Mumbi alinitazama mimi, kana kwamba kuna sheria ya jambo hilo. Akaweka simu mkobani, akaanza kushuka ngazi, na yule bibi akamfuata, akiweka miguu yote miwili kwenye kila kipandio kabla ya kukijaribu kinachofuata. Mumbi hakumpa mkono. Walipofika barabarani, penye watu wengi, makuli na mikokoteni, hakugeuka nyuma kumtazama. Lakini nilimwona akipunguza mwendo, akapunguza tena, mpaka mwendo wake ukawa wa kizee.